Kwa Waifugao, shamba linaanza msituni

Picha za majaruba ya Banaue, mashamba ya mpunga yaliyopangwa kama ngazi kwenye milima ya Waifugao huko Ufilipino, zimejaa mtandaoni, na karibu zote zinaonyesha kitu kimoja: kuta. Ngazi juu ya ngazi, kijani kibichi, ukungu kidogo, basi. Mkulima wa Kiifugao akieleza shamba lake, ukuta huja baadaye sana. Ataanza na msitu ulio juu ya shamba, aje kwenye mfereji, na kabla hajamaliza atakuwa ametaja nani anarithi nini. Nitajaribu kwenda na mpangilio wake, kwa sababu jaruba likibomoka huko milimani, mara nyingi kasoro ilianzia mahali pengine kabla jiwe la kwanza halijadondoka.

Ifugao ni mkoa mdogo ndani ya milima ya Cordillera, kaskazini mwa kisiwa cha Luzon, Ufilipino. Uligeuzwa kuwa mkoa unaojitegemea mwaka 1966, makao yake makuu yakiwa Lagawe. Mji wa Kiangan, ambao wenyeji wanauhesabu kuwa chimbuko lao, ndiko Jenerali Yamashita wa Japani alikojisalimisha tarehe 2 Septemba 1945. Wahispania waliitawala Ufilipino kwa zaidi ya miaka 300 lakini watu wa milima hii hawakuwatia mkononi sawasawa. Lugha ya Waifugao ni ya jamii ya Kiaustronesia, jamii ile ile ya Kimalagasi. Na matengo ya ngalawa zetu za pwani nayo yanahusishwa na mabaharia wa jamii hiyo waliovuka Bahari ya Hindi. Lakini hapa tubaki mlimani.

UNESCO iliyatia majaruba haya kwenye Urithi wa Dunia mwaka 1995, kwa makundi matano: Batad na Bangaan, Mayoyao, Hungduan, na Nagacadan iliyopo Kiangan. Mandhari maarufu ya mji wa Banaue, ile iliyochapishwa kwenye noti ya peso 20, haimo katika orodha hiyo. Watalii wengi wanapiga picha pale, wanapanda basi na kurudi Manila wakiamini wameona Urithi wa Dunia.

Tuanze juu, basi. Juu ya majaruba kuna muyong, msitu wa familia. Una mwenyewe, una mipaka inayojulikana, na kwa kawaida ni hekta moja au chache tu. Usidhani ni pori lililoachwa. Mwenye muyong hufyeka magugu, hupunguza miti iliyobanana, hukata mitambaazi inayonyonga miche, na hupanda miti ya mbao ambayo huenda wajukuu ndio watakaoikata. Humo hupatikana kuni, boriti, mianzi, dawa, kahawa, henzirani ya kusukia vikapu, na aina moja ya henzirani yenye tunda chachu liitwalo littuko. Kuna mipopoo pia. Waifugao hutafuna popoo kwa jani la tambuu na chokaa kama wazee wa Unguja na Mombasa, ila chokaa yao hutokana na makoa ya konokono yaliyochomwa.

Faida kubwa ya muyong, hata hivyo, ni maji. Udongo wenye mizizi na majani yaliyooza hunywa mvua ya msimu wa tufani na kuitoa polepole miezi ya ukame. Ukiufyeka, unapata hasara mbili kwa pamoja. Kijito kinakauka wakati jaruba linahitaji maji, na mvua kubwa ikija inashuka na tope na mawe moja kwa moja kwenye kuta za juu. Ukuta wa juu ukianguka, uzito wake unaangukia ule wa chini, na huo wa chini unaangukia mwenzake. Kwa hiyo mwenye shamba la bondeni ana haki kamili ya kukosa usingizi kwa sababu ya shoka la jirani wa juu.

Serikali ilichelewa kulielewa hili. Sheria ya misitu ya mwaka 1975 ilitamka kwamba ardhi yenye mwinuko wa asilimia 18 au zaidi haiwezi kumilikishwa watu binafsi. Huko Ifugao mwinuko wa namna hiyo ndio ulioko karibu kila mahali. Mtu akawa anahitaji kibali kukata mti uliopandwa na babu yake. Ni mwaka 1996 tu ndipo mamlaka ya mazingira ilipotoa utaratibu wa pekee wa kuutambua muyong na kumruhusu mwenyewe avune kwa masharti. Naona ilikuwa hatua ya busara: ukimkataza mtu kukata mti alioupanda, usitegemee apande mwingine.

Kutoka msituni maji huingia mferejini. Kijito hukingwa kwa mawe na magogo, maji yakageuzwa kufuata ubavu wa mlima, pengine kwa kilomita kadhaa. Penye mwamba usiochimbika huvushwa kwa gogo lililochimbwa au kwa mianzi. Kazi ngumu ni mteremko. Mfereji ukiinama kupita kiasi, maji hula sakafu yake hadi upasuke. Ukilala mno, hujaa mchanga na kufurika mahali pasipotakiwa. Kipimo ni maji yenyewe: unachimba huku yanakufuata nyuma, na yakisita unajua umekosea. Yakifika jaruba la juu kabisa hulijaza, kisha hupita kwenye tundu la kingo kwenda la chini yake, na hivyo hivyo hadi mtoni.

Anayeijua mifereji ya Wachagga wa Kilimanjaro ataelewa mara moja kwamba kitu kama hiki hakiwezi kudumu bila sheria. Waifugao hawakuwa na mfalme wala mahakama, lakini sheria walikuwa nazo, tena kali. Roy Barton, Mmarekani aliyekuwa mwalimu Kiangan mwanzoni mwa karne ya 20, aliziandika na kuzichapisha mwaka 1919. Mojawapo ni hii: maji yaliyokwisha kumwagilia eneo fulani hayahamishwi kwenda eneo jingine, hata kama hilo jipya liko karibu zaidi na chanzo. Faida yake iko wazi. Bila sheria hiyo, kila anayefungua shamba jipya juu angemkausha aliyetangulia chini. Ugomvi ukizuka, wagombanaji hawakutanishwi. Mpatanishi aitwaye monkalun ndiye anayekwenda na kurudi kati ya nyumba mbili, akibembeleza huku na kutisha kule, hadi wakubaliane faini. Nguruwe na mitungi vilikuwa sehemu ya malipo, na kiasi kilitegemea tabaka la mtu: kadangyan tajiri hakulipa sawa na fukara.

Sasa ukuta. Hujengwa kutoka chini kwenda juu, bila saruji. Kwanza unachimba hadi mwamba au udongo mgumu na kulaza mawe makubwa ya msingi, yale yaitwayo gopnad. Ukiukosa msingi huo, yote yanayofuata ni kujisumbua. Mawe ya ukuta hupangwa ubavu mrefu ukiingia ndani ya mlima, siyo ukitazama nje. Jiwe lililowekwa kwa kuonyesha sura yake kubwa linapendeza lakini halishiki kitu. Ukuta mzima huegemea kidogo upande wa mlima. Nyuma yake, kadiri unavyopanda, kunajazwa mawe na kokoto kubwa, kisha changarawe ndogo, kisha udongo mzito ulioshindiliwa hadi usipitishe maji, na juu kabisa tope la kupandia. Udongo mwingi haubebwi vikapuni. Maji huelekezwa kwenye ubavu wa mlima uliolegezwa, yakaushusha udongo na kuutua nyuma ya ukuta. Yaani maji yenyewe hufanya kibarua. Ukuta mmoja unaweza kuwa mita 2, mwingine ukapita mita 6. Mayoyao wana mawe mengi na kuta zao zinaonyesha. Penye uhaba wa mawe, ukuta hubaki wa udongo na huwa na mlalo zaidi.

Hapo kwenye kokoto ndipo siri ilipo. Maji yanayopenya tabaka la juu hushuka kwenye changarawe na kuchuruzika kati ya mawe bila kusukuma ukuta. Ndiyo maana ukarabati wa saruji, ambao kwa macho ya mpita njia ni maendeleo, umeleta hasara. Saruji huziba njia hizo, maji hujaa nyuma ya ukuta, na uzito wake husukuma hadi ukuta utoe tumbo. Tumbo hilo ndilo dalili ya kutazama. Likitokea, hakuna kuziba mbele kwa viraka: unateremsha mawe yote hadi msingini, unasafisha tope lililoziba kokoto, unajenga upya. Anayeziba kwa mbele tu atarudia kazi hiyo hiyo mvua zijazo.

Na jaruba halikaushwi. Kwa kilimo cha zamani linakaa na maji karibu mwaka mzima, hata baada ya mavuno, na nadhani hili ndilo jambo ambalo wageni wanalikosa kuliko yote. Tabaka lile la udongo mzito likikauka hupasuka, na maji yakirudi huingia kwenye nyufa na kuvujia ndani ya ukuta. Kisha huja nyungunyungu. Wakulima wengi huwalaumu nyungunyungu wakubwa kwa kutoboa kingo, na kweli mashimo yao yanavujisha. Lakini nyungunyungu hao hawakai kwenye tope lililofunikwa na maji muda wote. Wanahitaji udongo wenye hewa. Wanapofika ni dalili kwamba ukavu ulitangulia, ama kwa sababu kijito kimepungua, ama kwa sababu hakuna mtu aliyebaki nyumbani kufungua mfereji.

Konokono wa dhahabu ni balaa la aina nyingine. Aliletwa Ufilipino miaka ya 1980 ili awe chakula, akatoroka, sasa anakula miche michanga usiku kucha. Mayai yake ya waridi utayaona yamenata kwenye mabua na kwenye mawe ya kuta. Dawa ya bondeni ni kupunguza maji hadi karibu kukausha, kwa kuwa konokono huyo hatembei vizuri bila maji. Mlimani ushauri huo una mtego: ukikausha kumkomesha konokono, unakaribisha nyufa. Kilichobaki ni kuokota kwa mkono alfajiri, kuponda mayai, kuchimba vijifereji vidogo vya kumkusanya, na kupandikiza miche mikubwa ambayo shina lake limekwisha kukomaa. Sumu inaua konokono, lakini pia inaua samaki wadogo na konokono wa asili ambao ndio waliokuwa kitoweo cha nyumba.

Miche mikubwa si tatizo kwa mpunga wa asili. Aina zake huitwa kwa pamoja tinawon, mpunga wa mara moja kwa mwaka. Imbuucan na Minaangan ni baadhi. Wanawake huchagua masuke bora shambani kabla ya mavuno, wayatenge. Kati ya Novemba na Desemba masuke hayo hulazwa mazimamazima juu ya tope la kitalu, safu kwa safu, bila kupukuchuliwa, na punje huota zikiwa bado kwenye suke. Miche hupandikizwa Januari na Februari, wakati wa baridi, nao hukua taratibu. Mavuno huwa Juni na Julai, mahali pengine Agosti. Ni kazi ndefu kwa zao moja, lakini mpunga huu unastahimili maji baridi ya mlimani na hauhitaji mbolea ya dukani. Mabua na magugu hufukiwa kwenye tope, au hurundikwa katikati ya maji kuwa vituta vya mboga hadi msimu urudi.

Majembe ya ng'ombe hayana nafasi kubwa kwenye vijaruba vya juu. Nyati wa kufugwa, anayelimia bondeni, hafiki, na akifika kwato zake zinabomoa kingo. Tope hugeuzwa kwa sepeto ya mti iitwayo gaud. Wanaume hujenga na kukarabati kuta. Wanawake hung'oa magugu kwenye uso wa kuta, hupandikiza, hupalilia na kuvuna suke kwa suke kwa kisu kidogo cha mkononi. Suke hufungwa mafungu, wanaume wakabeba hadi nyumbani. Kazi hupokezanwa: leo kwako, kesho kwangu, kwa hesabu inayokumbukwa vizuri.

Hakuna anayepanda siku yake mwenyewe. Kila eneo lina tumona, familia yenye jaruba la kwanza, ambalo lisipoanza wengine wanasubiri. Wapo wanaoliona hili kuwa ushirikina tu. Litazame kwa jicho la panya: mpunga wote ukiiva pamoja, hasara ya panya na ndege hugawanyika juu ya mashamba mamia; jaruba moja likitangulia kuiva wiki tatu, huliwa lote. Waliohamia mbegu fupi za bondeni, zinazozaa mara mbili kwa mwaka, walivuruga kalenda hiyo, na majirani zao wa tinawon ndio walioonja matokeo.

Mafungu yaliyokauka huingia ghalani, na ghala hujengwa kama nyumba. Nyumba ya Kiifugao, bale, ina nguzo nne, chumba kimoja, na paa refu la nyasi linaloshuka hadi kufunika kuta. Haina msumari hata mmoja. Mbao huunganishwa kwa ndimi na matundu, hivyo inaweza kufunguliwa na kuhamishwa. Kwenye kila nguzo, chini kidogo ya sakafu, huvishwa gurudumu nene la mti, halipan, ambalo panya akipanda hawezi kulivuka. Ngazi huondolewa usiku. Moto hukokwa ndani na moshi hupanda darini, ukakausha mpunga uliohifadhiwa huko na kufukuza wadudu kwenye nyasi. Waliobadili paa la nyasi kwa bati wanapata nyumba isiyovuja na yenye joto la tanuri mchana. Siwalaumu, maana nyasi za kuezekea nazo zimekuwa adimu na kuezeka upya ni gharama.

Ghalani hukaa bulul, sanamu za mti, mara nyingi mume na mke, walinzi wa mpunga. Sanamu haiwi bulul kwa kuchongwa tu. Mumbaki, kuhani, husoma sala ndefu akiwaita mababu kwa majina, huchinja, hukagua nyongo ya kuku au nguruwe kuona kama imejaa na imelala vizuri, na sanamu hupakwa damu. Ndiyo sababu za zamani ni nyeusi. Nyingi zimeuzwa au kuibwa zikaishia kwa wakusanyaji wa ng'ambo, na zinazouzwa barabarani Banaue ni mapambo, hata zikipakwa masizi.

Sherehe hazikamiliki bila baya, pombe ya mchele. Mchele wa kunata hukaangwa mkavu hadi uwe kahawia, kisha hupikwa kwa maji na kutandazwa upoe. Chachu yake ni vikeke vikavu vya unga wa mchele vilivyochanganywa na viungo vya mimea. Husagwa na kunyunyizwa. Wali ukiwa wa moto, chachu inakufa na unabaki na wali uliooza. Ukipoa, hufungwa kwa majani ya mgomba ndani ya kikapu kwa siku mbili tatu hadi uanze kutoa maji matamu, kisha hutiwa mtungini. Ukiachwa muda mrefu huwa mkali na kuchachuka zaidi.

Wakati wa palizi, mavuno na matanga, wanawake huimba hudhud, tenzi ndefu ambazo moja inaweza kuchukua siku kadhaa. Kiongozi, kwa kawaida bibi mzee, hutoa mstari na wengine huupokea, wote kwa mahadhi yale yale. Utenzi maarufu ni wa Aliguyon wa Hannanga na Pumbakhayon wa Daligdigan, waliopigana hadi kila mmoja akamheshimu mwenzake, wakaishia kila mmoja kuoa dada wa mwenzake. UNESCO iliitambua hudhud mwaka 2001, na mwaka 2015 ikatambua punnuk, michezo ya kuvutana mtoni Hapao inayofunga mavuno.

Kuhusu umri wa kuta, utasoma miaka 2,000 au 3,000 kila mahali. Makadirio hayo yalienezwa na mwanaanthropolojia Otley Beyer katika karne ya 20, na hayakutokana na uchimbaji. Uchunguzi wa mwanaakiolojia Stephen Acabado na wenzake katika kijiji cha kale cha Kiyyangan unaonyesha kwamba kabla ya mpunga watu walilima magimbi, na kwamba majaruba ya mpunga yalipanuka kwa kasi baada ya Wahispania kuingia mabonde ya jirani, karne ya 17. Wenyeji wengine walikasirika, wakaona wamenyang'anywa heshima. Mimi naona kinyume: watu waliogeuza milima mizima kuwa mashamba ndani ya vizazi vichache, huku wakijizuia wasitawaliwe, wamefanya kazi kubwa zaidi ya waliojenga polepole.

Sheria ya urithi inasema mtoto wa kwanza, wa kike au wa kiume, apate majaruba makuu. Ilizuia mashamba kukatwakatwa, lakini iliwaacha wadogo zake na kidogo au bila kitu, na wao ndio waliokuwa wa kwanza kuondoka. Siku hizi hata wa kwanza anaondoka, kwenda Baguio au Manila, kwa kuwa zao moja la mwaka halilipi karo. UNESCO iliyaweka majaruba kwenye orodha ya hatari mwaka 2001 na kuyatoa 2012 baada ya mifereji na kuta nyingi kukarabatiwa. Tatizo la mikono lilibaki: ukuta hujengwa mara moja, ila mfereji unataka mtu wa kuutembelea kila wiki.

Ukienda, basi la usiku kutoka Manila hufika Banaue asubuhi. Batad iko kilomita kama 16 kutoka hapo, sehemu ya mwisho kwa miguu. Aprili na Mei ni kijani, Juni na Julai ni dhahabu. Tembea juu ya mawe ya ukuta, siyo juu ya kingo la tope lenye unyevu, maana hatua moja ya mtu mzito inafungua tundu la kuvuja. Usichomoe jiwe kujipatia pa kukanyaga, usizibe wala kufungua tundu la maji, na ukikuta kijiji kimefunga siku kwa mwiko wa baada ya mavuno, subiri nje. Chukua kiongozi wa pale pale na umlipe yeye moja kwa moja.